Fuwele Nzuri Haitaki Pupa

Kazi nyingi za kufuwelisha, yaani kukitoa kitu kwenye myeyusho kikiwa fuwele, huharibika kabla fuwele ya kwanza haijaonekana. Mtu hukuta unga mzito chini ya bika, au mafuta yaliyotuama, au hakuna chochote, akadhani tatizo limetokea wakati wa kupoza. Mara nyingi lilianza mapema zaidi: maji yalikuwa mengi, faneli ilikuwa baridi, au myeyusho ulisukumwa mbali kuliko unavyoweza kuvumilia. Nitafuata mpangilio wa kazi yenyewe, tangu kuchagua kiyeyushi hadi kuhifadhi fuwele, na nitakaa zaidi pale panapoumiza. Viwanda na milima nitavitaja palepale vinapoeleza jambo ambalo bika peke yake halielezi.

Ni lazima kwanza kuielewa shibe. Myeyusho ulioshiba ni ule usioweza kubeba zaidi kwa joto ulilonalo. Ukiupoza, au ukiacha maji yake yapungue, unavuka mstari wa shibe, lakini fuwele hazitokei papo hapo. Kuna ukanda ambamo myeyusho umebeba kupita uwezo wake na bado umetulia: fuwele iliyokwishakuwamo itakua, ila mpya hazizaliwi. Ukivuka mpaka wa pili wa ukanda huo, viini, yaani chembe za kwanza za fuwele, huzaliwa kwa maelfu kwa mkupuo mmoja, na kila kimoja hudai sehemu yake ya mali iliyopo. Hapo ndipo unga unapotoka. Kubaki ndani ya ukanda huo, huku ukila ile ziada polepole, ndiyo kazi yote, iwe ni mililita 50 za maabara au tangi zima la kiwandani.

Upana wa ukanda huo hausomeki kwenye jedwali. Hubadilika kwa kasi ya kupoza, kwa kukoroga, kwa vumbi, hata kwa mikwaruzo ya kioo. Matone madogo ya maji safi angani yanaweza kubaki kimiminika hadi karibu nyuzi 38 za Selsiasi chini ya sifuri, ilhali maji ya kawaida yenye vumbi huganda nyuzi chache tu chini ya sifuri. Kwa hiyo mtu akikwambia "wangu uliganda kwa nyuzi 40", amekwambia habari za chombo chake zaidi ya habari za kemikali.

Kuchagua njia kabla ya kuwasha jiko

Swali la kwanza ni hili: je, kitu hiki huyeyuka zaidi sana katika maji moto kuliko katika maji baridi? Chumvi ya kawaida ndiyo inayowadanganya wengi. Gramu 100 za maji hubeba takriban gramu 36 za chumvi kwa nyuzi 20, na takriban 39 kwa nyuzi 100. Ukipoza myeyusho wa chumvi ulioshiba kutoka kuchemka hadi joto la chumba, utapata gramu tatu tu na kuachwa na ndoo ya maji ya chumvi. Sasa linganisha na shura, yaani nitrati ya potasiamu: takriban gramu 32 kwa nyuzi 20, na zaidi ya 240 kwa nyuzi 100. Shura hupozwa, chumvi hukaushwa. Kuna watu wanaopoteza siku nzima wakingojea bika la maji ya chumvi lipoe na lizae.

Ndiyo maana chumvi ya bahari huvunwa kwa jua na upepo katika mabwawa. Hata huko mpangilio una maana. Maji ya bahari yakipungua, chokaa hutangulia kutua, kisha jasi, na chumvi huanza kuanguka baada ya ujazo kupungua hadi karibu sehemu moja ya kumi ya ule wa mwanzo. Chumvi za magnesi na potasiamu huja mwisho. Mvunaji anayejua kazi yake huhamisha maji kutoka bwawa hadi bwawa ili jasi ibaki nyuma, na huyamwaga yale machungu ya mwisho kabla hayajakauka juu ya chumvi. Akichelewa, chumvi inakuwa chungu na inavuta unyevu ghalani. Kutenganisha vitu kwa zamu ya kuanguka kwao ni mbinu ileile inayotumika maabara, ila huku tunaisahau kwa sababu tunataka kila kilichomo kitoke kwa mara moja.

Kwa vitu vya kaboni, kama asidi ya benzoiki, kiyeyushi kizuri kina sifa nne: kinayeyusha sana kikiwa moto, kinayeyusha kidogo kikiwa baridi, hakiathiriani na kitu chenyewe, na kinachemka chini ya joto ambalo kitu hicho kikiwa kikavu huyeyuka. Jaribu kwanza kwenye testityubu: miligramu 50 au 100 za unga, nusu mililita ya kiyeyushi. Ikiyeyuka baridi, acha kiyeyushi hicho. Isipoyeyuka hata ikichemka na mililita tatu, acha pia. Dakika kumi za testityubu zinaokoa gramu zote ulizotengeneza kwa wiki.

Kisipopatikana kiyeyushi kimoja kinachofaa, changanya viwili. Yeyusha katika ethanoli moto, kisha dondoshea maji moto tone kwa tone mpaka ukungu ubaki bila kupotea, halafu ongeza matone machache ya ethanoli ili ukungu ufutike. Acha hapo. Kumbuka kwamba ethanoli huchemka kwa nyuzi 78 na mvuke wake hushika moto, kwa hiyo ni bafu la maji au jiko la umeme lisilo na cheche, kamwe si mwali.

Hesabu ya maji

Hapa ndipo mavuno mengi yanapotelea, na kimya kimya. Chukua gramu 10 za asidi ya benzoiki. Lita moja ya maji huibeba takriban gramu 56 kwa nyuzi 100, gramu 3.4 kwa nyuzi 25, na gramu 1.7 kwa sifuri. Gramu 10 zinahitaji basi mililita 180 hivi za maji yanayochemka. Ongeza asilimia 20 kwa ajili ya kuchuja, uwe na mililita 215. Ukipoza hadi nyuzi 25, kinachobaki ndani ya maji ni gramu 0.73, ukiweka kwenye barafu, gramu 0.37. Hiyo ni hasara ya kawaida.

Sasa mtu mwenye haraka anamimina mililita 600 ili "iyeyuke vizuri". Kwa nyuzi 25 amebakiza ndani ya maji zaidi ya gramu mbili, moja ya tano ya mali yake, na tena myeyusho wake haushibi mpaka upoe sana, kwa hiyo atakaa akiutazama bila kuona kitu. Ongeza kiyeyushi kinachochemka kidogo kidogo, ukingoja kila mara kioneshe kilichoweza. Na usikimbizane na chembe zisizoyeyuka kabisa: kama umeongeza mara mbili na chembe zilezile bado zipo bila kupungua, hizo ni uchafu. Zitachujwa.

Vijiwe vya kuchemshia viingie kabla ya kupasha. Ukivitia kwenye kimiminika kilichopitiliza joto la kuchemka, kitafumka chote kwa mara moja na kukumwagikia mkononi. Mkaa amilifu vilevile: kama myeyusho una rangi isiyotakiwa, ondoa chombo motoni, acha kitulie chini ya kuchemka, ndipo utie mkaa wa uzito wa asilimia 1 hadi 2 ya kitu chako. Usizidishe, kwa sababu mkaa haujui kuchagua. Ukimaliza rangi unaanza kula mali yako.

Kuchuja kukiwa moto ni hatua inayoudhi kuliko zote. Myeyusho ulioshiba ukigusa kioo baridi hufuwelika palepale, ukaziba shingo ya faneli. Tumia faneli isiyo na shina, au yenye shina fupi, uipashe kwa mvuke au maji yanayochemka. Kunja karatasi kwa mikunjo mingi ili ipitishe haraka. Mimina kidogo kidogo na urudishe bika motoni kati ya mmimino na mmimino. Ile asilimia 20 ya ziada ni ya hapa. Ukimaliza, ichemshe ipungue mpaka uone utando mwembamba wa fuwele ukitokea juu au kwenye kijiti cha kioo unachokichovya na kukitoa. Kama myeyusho ni safi na hauna chembe, ruka hatua hii yote. Kuchuja kisichohitaji kuchujwa ni kupunguza mavuno kwa hiari yako.

Kupoza

Funika, weka juu ya kitu kisichopitisha joto haraka, uondoke. Barafu ije mwisho, baada ya myeyusho kufika joto la chumba na fuwele kuwa zimeshaonekana. Anayekimbilia barafu mapema hupata unga laini, na unga hushika uchafu kwa njia mbili: una eneo kubwa la kunasia, na huanguka upesi hata hauna muda wa kukataa molekuli ngeni. Usafi wa fuwele unatokana na kukataa huko. Molekuli ya kitu chenyewe inakaa mahali pake vizuri, ngeni inakaa upogo na hurudi majini, mradi ipewe nafasi ya kurudi.

Si kila uchafu hukubali kurudi. Mwingine hushikilia uso mmoja wa fuwele na kuubadilisha umbo. Mwaka 1783 Romé de l'Isle, mtaalamu wa madini Mfaransa, alieleza kwamba chumvi, ambayo kwa kawaida hutoa vimchemraba, hutoa maumbo ya pande nane ikifuwelishwa ndani ya mkojo. Kinachofanya hivyo ni urea. Kwa hiyo fuwele zako zikitoka na sura ambayo hukuitarajia, fikiria kilichokuwamo kabla hujafikiria kuwa umepata kitu kipya.

Kwa tangi la kiwandani, "polepole" haitoshi kama agizo. Chombo kikiachwa kipoe chenyewe, joto hushuka kwa kasi mwanzoni, wakati ambapo eneo la fuwele ni dogo na haliwezi kula ziada hiyo. Inatakiwa kinyume chake. Watafiti Mullin na Nyvlt walionesha mwaka 1971 kwamba upozaji uende taratibu sana mwanzoni na uongezeke kadiri fuwele zinavyonenepa. Kanuni rahisi ni ya mchemraba: kiasi cha nyuzi ulichokwishashusha ni jumla ya nyuzi zote mara mchemraba wa sehemu ya muda uliopita. Ukitaka kushuka kutoka nyuzi 60 hadi 20 kwa saa nane, baada ya saa mbili uwe umeshusha chini ya nyuzi moja. Baada ya saa nne, nyuzi tano. Baada ya saa sita, karibu 17. Na zote zilizobaki ziishe katika saa mbili za mwisho. Mtu anayeona hili mara ya kwanza hudhani mashine imekufa. Haijafa.

Mbegu nazo zina hesabu yake. Fuwele ikikua kwa upana mara tano, uzito wake huongezeka mara 125. Ukitaka fuwele za nusu milimita na mbegu zako ni za moja ya kumi ya milimita, kilo moja ya mbegu inatosha kwa kilo 125 za mwisho. Ukitia kidogo mno, zile chache zitashindwa kula ziada na viini vipya vitazuka. Tia mbegu baada tu ya kuvuka mstari wa shibe, zikiwa zimelowekwa kwenye kimiminika kisichoziyeyusha. Ukizitia mapema zinayeyuka na kutoweka. Ukizitia ukiwa umekwisha kuvuka mpaka wa pili, zinakuta uwanja umejaa.

Wapishi wa sukari viwandani wanaishi na jambo hili kila siku. Huchemsha sharubati chini ya ombwe, kwa joto la nyuzi 70 hivi, ili sukari isiungue, na huanzisha punje kwa sukari iliyosagwa laini sana ndani ya alkoholi. Wakivuta maji haraka kuliko punje zinavyokula, hutokea kizazi cha pili cha punje ndogo. Hizo huziba mashine ya kuzungusha, molasi haitoki, na sukari hubaki na rangi. Dawa yao ni kurudisha maji kidogo au sharubati isiyoshiba: punje ndogo huyeyuka kabla ya kubwa, na mpishi huanza tena kuvuta kwa adabu. Dawa hiyohiyo inafanya kazi kwenye bika. Ukiona unga umetokea pamoja na fuwele nzuri chache, pasha taratibu mpaka unga upotee na fuwele kubwa zibaki, kisha poza upya.

Inapokataa, na inapogeuka mafuta

Kukataa kuanza kuna sababu mbili tu zinazokuja mara kwa mara: kiyeyushi ni kingi, au viini hakuna. Kwanza kwaruza ndani ya bika kwa kijiti cha kioo, kwenye mstari ambapo kimiminika kinakutana na hewa. Isipofaa, tia chembe moja ya kitu kilekile kikiwa kikavu. Huna chembe? Chovya kijiti, acha tone likauke juu yake, kirudishe. Isipofaa hata hivyo, chemsha ipungue kwa robo na uanze kupoza tena. Sipendekezi kurundika mbinu zote kwa wakati mmoja. Myeyusho uliokataa kwa saa nyingi umebeba ziada kubwa, na ukikubali utaganda wote kama barafu, na uchafu ndani. Asetati ya sodiamu yenye maji yake huonesha jambo hilo vizuri: huyeyuka kwa nyuzi 58, hupoa hadi joto la chumba ikiwa kimiminika, na ikiguswa na punje moja huganda yote kwa sekunde huku ikitoa joto. Inafaa kwa mfuko wa kupashia mikono. Kwa kusafisha kitu haifai.

Mafuta ni tatizo baya zaidi kwa sababu yanafanana na mafanikio. Kitu kimetoka kwenye myeyusho, sawa, lakini kimetoka kama kimiminika, kwa kuwa kiyeyushi na uchafu vimeshusha joto lake la kuyeyuka. Asetanilidi kavu huyeyuka kwa nyuzi 114, ila ikiwa chini ya maji moto hugeuka mafuta kwa nyuzi 83 hivi. Matone hayo ni kiyeyushi kizuri cha uchafu wote uliokuwamo, na yakiganda huganda nao. Usiyaweke kwenye barafu ukitumaini. Pasha tena, ongeza kiyeyushi ili shibe ifikiwe kwenye joto la chini zaidi, koroga, tia mbegu mapema, poza kwa utaratibu. Yakijirudia, badilisha kiyeyushi.

Kuhusu mbegu kuna tahadhari nyingine. Kitu kimoja kinaweza kujipanga kwa namna zaidi ya moja, na namna hizo hutofautiana kwa umumunyifu (wepesi wa kuyeyuka ndani ya kiyeyushi), joto la kuyeyuka na umbo. Mara nyingi ile isiyo imara sana hutangulia, kama mkemia Ostwald alivyoeleza mwaka 1897, na ile imara huja baadaye, pengine miaka baadaye. Dawa ya ritonavir, iliyoidhinishwa mwaka 1996 kwa matibabu ya VVU, ilitengenezwa kwa namna moja iliyojulikana. Mwaka 1998 namna ya pili ikajitokeza viwandani, imara zaidi na isiyoyeyuka kwa urahisi. Kapsuli zikashindwa vipimo vya kuyeyuka, zikaondolewa sokoni, na ikabidi dawa itungwe upya. Mara namna ile ilipokuwapo, chembe zake zisizoonekana zilitosha kuiita kila mahali ilipofika. Kwa hiyo chombo "kilichooshwa" bado ni mbegu, na nguo za kazi pia. Ukibadilisha namna unayotaka, badilisha na vyombo.

Kuchuja, kuosha, kukausha

Hatua hizi ni fupi na watu huziharibu kwa kuzipuuza. Lowesha karatasi kwa kiyeyushi baridi kabla ya kuvuta ombwe, isije ikainuka pembeni. Fuwele za mwisho zilizogandamana na bika zitoe kwa myeyusho uleule uliochujwa, usitumie kiyeyushi kipya. Achia ombwe kabla ya kuosha. Mwaga kiyeyushi baridi kama barafu, kidogo tu, kiasi cha kufunika, acha kipenye, kisha vuta. Mara mbili kidogo kidogo ni bora kuliko mara moja kwa wingi. Myeyusho uliobaki usiumwage mpaka umepima mavuno. Unaweza kuupunguza na kupata fungu la pili, lakini lihifadhi peke yake, kwa kuwa daima huwa chafu kuliko la kwanza.

Mavuno yanayozidi kiasi ulichoanza nacho ni unyevu, si baraka. Kausha mpaka uzito usibadilike. Kisha pima joto la kuyeyuka: asidi ya benzoiki safi huyeyuka karibu na nyuzi 122 na ndani ya nyuzi moja au mbili. Ikianza kulainika nyuzi 116 na kumaliza 120, rudia. Mrututu, yaani salfeti ya shaba, usiukaushe kwenye oveni. Unapoteza maji yake kwa hatua kuanzia nyuzi 60 na kitu, na ukipita 100 hutabaki na fuwele za buluu bali unga uliofifia. Uweke juu ya karatasi ya kuchujia, hewani, basi.

Fuwele moja kubwa

Shabu, yaani salfeti ya alumini na potasiamu, ndiyo mwalimu bora, kwa sababu ni ya bei nafuu, haina sumu kali, na hutoa maumbo safi ya pande nane. Mililita 500 za maji hubeba gramu 70 kwa nyuzi 20 na gramu 184 kwa nyuzi 50. Yeyusha gramu 85 katika maji yaliyokenekwa, ukipasha hadi nyuzi 50, chuja, acha usiku kucha kwenye chombo kipana kilichofunikwa kwa karatasi. Zile gramu 15 za ziada zitaanguka kama fuwele ndogo. Chagua moja ya milimita 3 hadi 5, ang'avu, isiyogusana na nyingine, yenye kingo kali. Usichague kubwa kuliko zote. Kubwa kwa kawaida ni mbili zilizoshikana.

Uzi ndio unaowaangusha wengi. Uzi wa pamba una nyuzinyuzi, na kila unyuzi ni kiota cha viini, kwa hiyo uzi hujaa shanga na mbegu inasahaulika. Tumia uzi mwembamba wa nailoni. Ukichagua sana uzi usijione una vituko: Nakaya Ukichiro, mwanasayansi wa Japani aliyekuwa wa kwanza kukuza fuwele ya theluji maabara, Hokkaido mwaka 1936, aliifanikisha kwa kuiotesha kwenye unywele wa sungura baada ya nyuzi nyingine kumpa barafu ya ovyo.

Myeyusho uliobaki uhamishie kwenye chombo kingine, ukiziacha zile fuwele ndogo. Huo umeshiba sawasawa kwa joto la chumba chako, jambo ambalo jedwali lisingekupa. Ongeza gramu 3 za shabu, pasha mpaka ziyeyuke, poza hadi nyuzi moja juu ya joto la chumba, ndipo uning'inize mbegu katikati. Kisha weka taa nyuma ya chombo uangalie. Mbegu inapoyeyuka, maji mazito hushuka kutoka kwake kama nyuzi za ukungu. Inapokua, maji yaliyopungukiwa hupanda juu. Mawimbi yakishuka, itoe upesi, poza kidogo zaidi, irudishe. Hiki ni kipimo cha sekunde kumi na sijaona kinachokishinda.

Baada ya hapo adui ni joto la chumba. Likishuka nyuzi tatu usiku, vizazi vipya huota chini ya chombo na kuiba chakula. Likipanda mchana, kingo za fuwele hulika na kuwa duara. Weka chombo ndani ya ndoo kubwa ya maji au sanduku la povu. Fuwele ndogo zikitokea chini, toa kubwa, chuja, pasha, rudisha. Ukiona ndani ya fuwele kuna mapazia meupe, imekua haraka mno na kufunga maji ndani. Hayo hayatoki tena. Kwa shabu naona milimita moja kwa siku ni mwendo wa kutosha, na nusu ni bora.

Kama unaona nusu milimita ni kidogo, kuna pango la Naica, Mexico, lililofikiwa na wachimba migodi mwaka 2000 karibu mita 300 chini ya ardhi. Fuwele zake za jasi zina urefu unaofikia mita 11 hivi. Zilikua ndani ya maji ya karibu nyuzi 58, joto ambalo jasi na anhidraiti, ndugu yake asiye na maji, huwa na umumunyifu unaokaribiana. Joto liliposhuka kidogo sana chini ya hapo, anhidraiti iliendelea kuyeyuka na kuilisha jasi, na ziada haikuwahi kuwa kubwa kiasi cha kuzaa viini vingi. Vipimo vilivyotolewa mwaka 2011 kwa nyuzi 55 vilikuta ukuaji wa chini ya nusu ya elfu moja ya milimita kwa mwaka. Granaiti nayo ina punje zinazoonekana kwa macho kwa kuwa ilipoa kina kirefu ardhini, na basalti iliyotoka juu haina.

Wanaokuza silikoni kwa vifaa vya elektroniki hawana muda huo, lakini nao huanza kwa unyenyekevu. Njia ni ya mkemia wa Poland, Czochralski, ya mwaka 1916: mbegu huguswa kwenye silikoni iliyoyeyuka kwa nyuzi 1414 na kuvutwa juu ikizungushwa. Tangu mwishoni mwa miaka ya 1950 huvuta kwanza shingo nyembamba ya milimita chache, ili kasoro za mbegu zikimbilie pembeni na kuisha, ndipo wapanue hadi kipenyo cha milimita 300. Kwa shabu, kanuni hiyo inakuja hivi: kasoro ya mbegu haifichiki kwa kuikuza, inakua nayo. Mbegu mbaya itupe siku ya kwanza.

Mrututu hufuata njia hiyohiyo na tofauti tatu. Umbo lake limeinama, halina pande zinazolingana, kwa hiyo usiitupe fuwele ukidhani imepinda. Myeyusho ukiwa na ukungu wa kijani hafifu, kwa kawaida kwa sababu ya maji yenye chokaa, matone machache ya asidi ya sulfuriki iliyozimuliwa huusafisha. Na usiguse chuma: kijiko au pini ya chuma hula shaba na kuacha tope jekundu. Vaa glavu, usitumie chombo cha jikoni, na usimwage mabaki kwenye mtaro, kwa maana shaba huua samaki kwa kiasi kidogo sana.

Ukitaka kujaribu rangi mbili, shabu ya kromi ya zambarau hukua juu ya shabu ya kawaida bila mshono, kwa kuwa mpangilio wao ndani ni mmoja. Usiupashe myeyusho wa kromi kupita nyuzi 60. Hugeuka kijani na hukataa kufuwelika kwa siku nyingi.

Fuwele ikishatoka, ifute kwa karatasi laini palepale. Ukiiacha ikauke na maji yake, itaota ukoko wa punje usioondoka. Shabu na mrututu katika hewa kavu hupoteza maji na kuwa na vumbi jeupe juu, kwa hiyo zipake vanishi isiyo na rangi, tabaka mbili nyembamba, baada ya siku moja ya kukauka. Chumvi hali yake ni kinyume: hewa ikizidi unyevu wa asilimia 75 huanza kulowa na kujiyeyusha, na kwake ni chupa yenye kifuniko cha kubana pamoja na kifuko cha jeli ya silika. Andika kwenye kibandiko jina, tarehe, na joto la chumba siku ulipoitoa.